Mbebaji Aliyeitwa Sidjoewi

Krrr, krrr, krrr. Sauti ilimfikia Tahlil akiwa bado nje ya mlango wa ukumbi, ikikwaruza kama cherehani iliyokosa mafuta. Akajua kwamba Mzee Lakhbir ameanza majaribio bila kumngoja.

"Karibu, mheshimiwa mkalimani," alisema Lakhbir bila kugeuka. Alizaliwa Kisumu, akaendesha projekta za sinema huko kabla ya kuhamia Birmingham, na hakumwonea huruma mtu aliyechelewa hata siku moja.

Mama Léocadie alikuwa ameketi mstari wa mbele. Tahlil alimwomba aje kutoka mtaa wa Aston asikilize kama Kiswahili chake kingeeleweka kwa Wakongo wenzake, na bibi akaja na mto wake wa kukalia.

Jumamosi watu wa mtaa huo wa Alum Rock wangeonyeshwa filamu bubu ya Mbelgiji Odiel Vercruyce, na Tahlil angewasomea kwa Kiswahili maandishi yake ya Kiflemi, yaani Kiholanzi cha Ubelgiji. Kazi hiyo ilimfaa yeye tu, mtoto wa Mombasa aliyekulia Antwerp, huko huko Ubelgiji. Zaidi ya hapo, alimpenda Odiel. Mwana wa fundi viatu, alijifundisha kamera mwenyewe, akaandika riwaya na habari za magazeti kwa lugha ya mama yake wakati wenye vyeo waliiona lugha ya wakulima. Tahlil alikuwa ameyaandika maisha ya Odiel kurasa tatu za kusoma Jumamosi, kwa fahari, kana kwamba anamwandika babu yake.

Picha zikasogea. Kongo, mwaka 1926. Mwanamume anavuka mto, maji shingoni, sanduku la kamera kichwani. Yakatokea maandishi, na Tahlil akayasoma kwa sauti ya jukwaani: "Sidjoewi mwaminifu aiokoa kamera."

Mama Léocadie akacheka hadi akashika mbavu. "Mwana wangu, ile haiko jina. Sikia mwenyewe."

Tahlil akalirudia polepole, akiyasahau maandishi na kufuata sauti. Sidjoewi. Sijuwi. Sijui. Joto likampanda usoni. Lugha zote mbili zilikuwa zake, na bado hakusikia.

Bibi alikuwa ameacha kucheka. Alimwomba Lakhbir arudishe picha, akasogea mpaka kivuli chake kikagusa maji ya mto, akalitazama sikio la yule mwanamume, lile la kushoto, lililochanika. Mara ngapi baba yake aliwasimulia wanawe jinsi alivyovuka mto na jicho la mzungu, yaani kamera, kichwani! Hawakumwamini.

"Njo baba," alisema. Ndiye.

Tahlil alizikunja zile kurasa tatu. Alisema hatazisoma tena. Mtu aliyepiga kelele magazetini kwamba kumnyang'anya mtu lugha ni kumnyang'anya uso alitembea miezi minne na mwenzake asijue jina lake. Angezichana, ila bibi alimshika mkono.

Akamweleza kwamba, kwa masimulizi ya baba, Odiel aliuliza jina. Ni baba aliyekataa. "Bazungu bakiandika jina yako, kesho banakutafuta na kamba, banakupeleka ku kazi ya nguvu. Baba akasema sijui. Muzungu akaandika sijui."

Lakhbir alizima projekta. Tahlil akakaa chini. Basi mbebaji hakusahauliwa. Alijificha, na Odiel, aliyejua thamani ya neno, aliliandika neno asilolielewa. Ni nani kati yao aliyemshinda mwenzake? Tahlil alikuja na shujaa mmoja, na sasa hakujua amweke wapi.

Alipendekeza wayaruke maandishi hayo, ili siri ya mbebaji ibaki siri.

"Sasa nani atamukamata?" aliuliza Mama Léocadie. Wajukuu zake walikuwa wanamjibu kwa Kiingereza tu, na hakuna hata mmoja aliyelijua jina la baba wa bibi yao. Yeye mwenyewe alikuwa na miaka sitini na sita. Alitaka lisikike akiwa hai, akiwa amekaa hapo.

Lakhbir alikohoa, akawakumbusha barua ya maktaba ya Ubelgiji iliyowaazima filamu: maandishi yasomwe yalivyo, bila nyongeza, la sivyo hawatatuma filamu nyingine. Na Tahlil alikuwa ameisaini.

"Nimeisaini, ndiyo," Tahlil alisema. Akamgeukia bibi. "Anaitwa nani, mama?"

"Kalonda Amuri."

"Jumamosi nitasoma alichoandika Odiel, kisha nitasimama niseme: huyu ni Kalonda Amuri, baba yake Léocadie, na alikuwa na sababu ya kulificha jina lake. Barua ya Ubelgiji nitaijibu mwenyewe. Nakuahidi, mama."