Saa Moja ya Kufunga Mdomo

Mimi ukinipa siri, umeifukia. Nining'inize kichwa chini, nitekenye, ninyime chakula: hupati kitu. Ndiyo maana dada yangu aliponiomba niwe gaidi sikushangaa.

Gaidi wa mazoezi, tuelewane. Dada anasomea ugaidi chuoni. Kuuzuia, si kuufanya, na mama amechoka kuwafafanulia majirani. Tasnifu yake inasema mtuhumiwa hufunguka kwa upole kuliko kwa kipigo. Nimeisikia mezani kila jioni, ila sikuwahi kuisikiliza. Siku hiyo alitakiwa kuithibitisha mbele ya wasahihishaji wawili: Kanali mstaafu, aliyeamini makofi tu, na Profesa, mama mmoja mkimya wa miwani. Wasiporidhika, shahada hana.

"Sikia, mdogo wangu," alininong'oneza mlangoni. "Begi la mchanga ndilo bomu letu. Lipo chumba cha jenereta. Mwenzangu atakuhoji saa nzima, na yeye hajui lilipo. Kaza kweli kweli, usinihurumie."

"Dada, unaongea na jiwe."

"Jiwe ndilo ninalolitaka. Mtu legelege hathibitishi kitu."

Akaenda kusubiri ukumbini na Kanali, maana utaratibu haukumruhusu kuwa karibu.

Chumba cha mahojiano kilikuwa na meza, viti viwili na kioo kikubwa ukutani. Nikajichana nywele. Nikakagua meno, nikatoa kipande cha mchicha kwa ukucha. Nikajaribu jicho la kikatili, la kushoto, kisha la kulia.

Akaingia mhojaji, kijana mnene ambaye wenzake humwita Padri kwa sauti yake ya upole. Mkononi chupa ya chai na sahani ya biskuti. Hakupiga meza wala hakukunja uso. Aliniuliza habari za mpira, nikampa. Nikamtupia na vichekesho vyangu viwili vitatu, akacheka hadi akajifuta machozi.

"Kaka, wewe ni kichwa," alisema. "Nyumbani kwenu wanajua walichonacho?"

Hawajui! Nusura nilie. Nikachukua biskuti nyingine.

"Hata hivyo mmetuweza," akaendelea, akipuliza chai yake. "Kulificha begi maktaba! Hiyo akili sikuitegemea."

"Maktaba?" Biskuti ilinipalia. "Zezeta gani aweke bomu maktaba, watu wanapita kutwa? Sisi tumeliweka kwenye jenereta, kule hakuna anayechungulia!"

Padri akanimiminia chai tena. "Loo. Kweli nyie mmejipanga."

Chai ya kwanza ilikuwa haijapoa.

Tulipotoka, dada na Kanali waliitwa, wakatukuta kwenye korido. Padri akatangaza begi lilipo, na dada akaruka kwa furaha. Furaha! Mimi nimevuliwa nguo, yeye anaruka. Heshima yangu je?

"Kijana," Kanali akaniuliza, "ni kweli umesema?"

"Nimesema, afande, lakini kwa mateso! Jamaa kazima taa, kanikaba, kanipigia kelele hadi masikio yakaziba. Mwingine angezimia."

Kanali akatabasamu kwa mara ya kwanza tangu asubuhi. "Si nilisema? Upole wapi! Binti, tasnifu yako imeishia hapa."

Dada alinitazama kama mtu aliyefungiwa mlango na ndugu yake mwenyewe. Padri alibaki mdomo wazi. Hapo ndipo maneno ya jioni zote zile mezani yaliponirudia, yote kwa pamoja, na nikaelewa nilichokifanya. Bado nilikuwa na nafasi ya kujirudi.

"Na teke," nikaongeza. "Alinipiga na teke."

Mlango wa pembeni, niliodhani ni wa stoo, ukafunguka. Akatoka Profesa, anafuta miwani. Nyuma yake kulikuwa na giza, kiti kimoja, na dirisha pana. Dirishani niliiona meza yangu, kikombe changu na sahani, tupu.

"Hilo teke," Profesa aliuliza taratibu, "lilikuwa kabla au baada ya kuomba biskuti za kwenda nazo nyumbani?"

"Profesa, mimi..."

"Na mchicha hukuumaliza. Jino la juu, kushoto. Umelichokonoa mbele ya pua yangu, nikakosa namna ya kukwambia."

 Kanali aliinama kidogo, akautazama mfuko wa shati langu, ulivyotuna.