Mazishi ya Mwendo wa Mbio

Siku ile mjinga nilikuwa mimi, tena mjinga wa sauti kubwa.

Tulikuwa tumeegesha gari Sharafiya, hapa Jeddah, tukimngoja madam aliyeingia kwa fundi wa mabaibui. Mimi dereva, Rael mfanyakazi wa ndani. Nyumba moja, kafili mmoja, yaani mwajiri aliyetudhamini. Kwenye simu nikapata filamu kuukuu, ya enzi ambazo picha hazikuwa zimejua kusema: mazishi ya mfalme fulani wa Ulaya. Farasi, kofia za manyoya, jeneza juu ya gari la mzinga. Filamu za wakati huo hukimbia, basi msafara mzima ulikuwa ukitimka, wafiwa wakirukaruka kama kuku waliomwagiwa maji.

"Ona hawa," nikamwambia Rael. "Utadhani wamesikia pilau imeanza kupakuliwa."

Hakucheka. Mama yake alikuwa amezikwa kwao Kapsabet, Kenya, wiki mbili nyuma. Aliomba ruhusa ya kwenda, akaambiwa mafi, hakuna, Ramadhani imekaribia. Kaka yake akamtumia video ya mazishi. Nilijua ameitazama, na chozi sikuliona. Nikadhani yamekwisha, kilichobaki ni kumchangamsha. Dawa niijuayo ni hiyo. Nilipofiwa na ndugu yangu nikiwa Riyadh, nilikwenda soko la Batha nikataniana na muuza soksi, tukacheka mpaka machozi yakapata kisingizio.

Rael akachukua simu. Akabonyeza pembeni, akapunguza mwendo hadi nusu.

Farasi wakatulia. Wanaume wakaanza kutembea kama watu wanaokwenda mahali wasipotaka kufika. Kando ya barabara mwanamke mmoja akainua leso, na mkono ukachukua muda mrefu kufika usoni. Rael naye akainua ncha ya mtandio wake. Akalia bila sauti, mabega tu.

Nami, badala ya kunyamaza, nikatania tena. Nikamwambia huyo mzee alikufa kabla babu zetu hawajazaliwa, na Kapsabet hana jamaa hata mmoja. Kama ni kulia, si amlilie mama yake? Video si anayo?

Mlango wa fundi ukafunguka. Madam akatoka na mifuko, akatupungia.

Rael akajipangusa, akanirudishia simu, msafara bado ukitembea.

"Video ya mama niliikimbiza mwenyewe, Bonface, mbio kama hizo zako. Madam alikuwa akiniita."