Winga wa Kushoto Haachiwi

Mluzi ulisikika kwanza, mwembamba, ukipanda uchochoro wa nyuma kama kila Jumamosi saa saba na nusu mchana. Alma Threlfall aliutambua kabla hajafungua mlango. Ulikuwa upepo ukipita kwenye tundu la risasi kifuani mwa mumewe Enoch, aliyeuawa Ufaransa mwaka 1916, na ambaye sasa, miaka mitatu baadaye, alikuwa anarudi kuchezea Calderthwaite, klabu ya mji wao.

"Futa njumu," Alma alisema. "Kizingiti nimekisugua asubuhi, na udongo wa Ufaransa hautoki."

Enoch akafuta. Alma akaviringa soksi kuukuu, akaliziba lile tundu. Hilo lilikuwa agizo la refa. Mwezi wa Septemba Enoch alikimbia kuukabili upepo, mabeki wakasimama wakidhani filimbi imelia, na bao lake likakataliwa. Daktari wa klabu naye alikwisha kumpima. Mapigo ya moyo hakuyapata, ila goti alilisifu.

Mashabiki hawakuwa na neno, isipokuwa kuhusu krosi zake.

"Threlfall!" walimpigia kelele. "Kufa si kisingizio! Inua mpira!"

Jumamosi hiyo Enoch alikaa na jezi mapajani, haivai.

"Wenzangu wamenituma," alisema. "Tumezikwa kumi na moja safu moja, timu kamili. Wajerumani waliolala ng'ambo ya ua wanacheza nasi kila Jumamosi. Mimi niko huku, wenzangu wanabaki kumi."

"Wanafungwa?"

"Jumamosi iliyopita tisa bila. Alma, nataka kwenda kupumzika kule na wenzangu, na kucheza nao. Nimechoka kuja."

"Basi twende kwa Pickup akuachie."

Silas Pickup, katibu wa klabu, walimkuta ofisini chini ya jukwaa akila pai. Aliwasikiliza mpaka mwisho, kisha akavuta orodha ya wachezaji na kuweka kidole.

"Jina lako hili hapa, Enoch. Mei tulikubakiza. Tukikubakiza, huchezei timu nyingine mpaka sisi tukuachie. Sheria unaijua, ulisaini mwenyewe."

"Nilikuwa na miaka kumi na tisa."

"Na mwandiko mzuri."

"Bwana Pickup," Alma alisema, "mume wangu amekufa."

"Najua, bibie, shada nililileta mimi. Lakini jeshi lilipomchukua halikuomba usajili wake. Lilichukua mwili tu."

"Hata Mfalme ameniachia," Enoch alisema.

"Mfalme hana timu kwenye ligi." Pickup alijipangusa mchuzi kidevuni. "Na mimi sina winga mwingine wa kushoto."

"Nikigoma je?"

"Jina liko hapa. Utakuja tu."

Akaja, kwani uwanjani alikuwa amekwisha kufika. Alicheza dakika tisini, akapiga krosi fupi mbili na moja nzuri iliyozaa bao, wakatoka sare. Njiani kurudi, mzee mmoja alimpa pole kwa zile krosi mbili.

Kwenye lango la nyuma Alma aliichomoa soksi, akaikunja, akaitia mfukoni mwa aproni. Mluzi ukaanza tena, taratibu. Wakati wa vita, Alma alikuwa winga wa kulia wa timu ya wanawake wa kiwanda cha mabomu. Enoch alizisoma habari hizo kwa barua, handakini, na hakuwahi kumwona akicheza.

"Sikia," Alma alisema. "Waambie wenzako wavumilie. Mimi kufa sina haraka, mkate wangu uko jikoni. Lakini Pickup hana saini yangu. Siku yangu ikifika, siendi mbinguni moja kwa moja. Nitapitia Ufaransa, niwachezee winga ya kushoto mpaka Pickup akuachie."

"Alma, wewe mguu wako wa kushoto haujui mpira."

"Nina miaka arobaini ya kujifunza. Jumatatu naanza, kwa kupiga mpira kwenye ukuta huu huu wa choo. Naahidi."