Majibu ya Somo la Arobaini

Bata mzinga aliyekutwa kwenye kiti cha mwalimu mkuu hakujipeleka mwenyewe, na sikuwahi kudai hivyo. Bodi ya shule yangu ya bweni iliketi, ikatafakari kwa uzito unaostahili, kisha ikanipa wiki sita za kukaa nyumbani. Wazazi wangu walikuwa safarini, kwa hiyo nyumbani ikawa kwa shangazi Merilee, shambani kusini mwa Missouri, ambako watoto wake sita wanasoma kwenye meza ya jikoni na hakuna aliyewahi kufukuzwa shule.

"Greta, huku ukifukuzwa utaenda wapi?" shangazi alinicheka. "Kwa mbuzi?"

Shangazi ndiye mwalimu mkuu, na vyeti anatia sahihi yeye. Alianza na familia tatu za kanisani zinazofundisha watoto wao nyumbani; sasa ni arobaini, na kila Ijumaa wanakutana kupeana moyo. Mwezi Mei angesimama mbele yao amkabidhi Tirza, bintiye mkubwa wa miaka kumi na saba, cheti cha kumaliza shule. Tirza alitaka kusomea uuguzi. Alhamisi ya wiki iliyofuata angefanya mtihani wa kuingia chuo cha kaunti. Kwenye karatasi ya alama aliyoiandika mama yake, aljebra ilikuwa tisini na nane.

Siku ya tatu nilichoka kuwa mwema. Nilikiazima kitabu cha majibu dakika kumi, pamoja na kalamu nyeusi. Somo la arobaini, palipokuwa na 4 nikaweka 44. Palipokuwa na 7 nikaweka 700. Nilitarajia shangazi akisahihisha daftari la Tirza akute kila kitu kibaya, apige kelele, nami nijitokeze niiname mbele ya watazamaji.

Kesho yake Tirza alipata mia kwa mia.

Kumbe shangazi hasahihishi. Tirza ndiye anayesahihisha kazi za wadogo zake, na ya kwake pia, kisha anampelekea mama yake alama. Nilimkuta nyuma ya banda la kuku.

"Dada, mkulima wa hesabu yako ya jana alikuwa na ng'ombe kumi na sita, akauza nusu yao na mmoja juu, akabakiwa na mia saba. Nipe anwani yake, nataka kazi kwake."

Hakucheka. "Ni wewe?"

"Ni mimi. Unanakili tangu lini?"

"Tangu huyu wetu wa mwisho, Jubal, azaliwe. Miaka minne." Alikuwa akivuta uzi wa sweta. "Nafundisha watano, napika, nafua. Kila siku najiambia nitarudi nyuma nisome. Greta, hata hiyo x sijui wanaitafuta ya nini."

Nilimpa pole kwa njia niijuayo: nikamworodheshea mbinu tatu za kudanganya kwenye mtihani, zote zilizojaribiwa na watoto wa watu wenye heshima.

"Kipimo cha dawa kinapigwa hesabu," alisema. "Mgonjwa akiwa amelala pale, nitachungulia daftari la nani?"

Nikaokota kijiti nikaandika hesabu ya kwanza mchangani, jambo ambalo walimu wangu wangelipia kuliona. Tukasoma hapo hapo kwa kuku, kila alasiri. Hadi Alhamisi tulikuwa tumemaliza hesabu za sehemu, nusu na robo. Aljebra tuliichungulia tu.

Matokeo yalitoka saa ile ile kwenye kompyuta ya chuo: aanze wiki ijayo darasa la chini kabisa la hesabu, Jumanne na Alhamisi asubuhi, mwaka mzima, ndipo uuguzi uzungumzwe.

Tirza aliporudi nayo, shangazi alikuwa jikoni akikanda unga wa biskuti. "Mashine yao imekosea."

"Haijakosea, mama."

"Una tisini na nane!"

"Nilijipa mwenyewe."

Mikono ya shangazi ikasimama ndani ya bakuli. "Kwa nini hukuniambia?"

"Hukuuliza. Ulikuwa unasema tu kwa watu jinsi ninavyofanya vizuri."

"Shangazi, kitabu nilikichezea mimi..." nilianza.

"Nyamaza, Greta." Alimgeukia bintiye. "Jumanne na Alhamisi. Na Jubal nani atamfundisha kusoma?"

"Wewe, mama."

Jumanne iliyofuata Tirza aliondoka na gari la baba yake kabla ya saa mbili asubuhi. Hakuaga sana, alimfunga Jubal kamba za viatu, akatoka. Shangazi akavaa miwani, akaketi kwenye kiti cha Tirza, akawaita wote mezani kwa sauti ya uchangamfu mno.

"Haya wanangu. Tuliishia wapi?"

Kezia, mmoja wa wadogo zake Tirza, aliangalia penseli yake.

"Tirza ndiye anajua," alisema Jubal.

Shangazi alifungua kitabu, akageuza ukurasa, akaurudisha. Watoto wote watano walikuwa wamegeukia mlangoni.