Nyumba Zisizo na Kuku

Miaka yote mwenye nyumba aliwakataza wapangaji wake wa Manyoni kufuga kuku. Walipoungana wakawa ushirika na kuzinunua zile nyumba, uamuzi ukawa wao. Wakamchagua Loyce mwenyekiti, kisha wakanyoosha mikono wote: kuku marufuku, wanachafua vibaraza.

Jumamosi Loyce akapita kukagua. Kila alipobisha hodi alisikia tenga likiburutwa, kisha redio ikiongezwa sauti.

"Kuna kuku humu?"

"Hakuna, mwenyekiti."

Akashukuru, akaenda nyumba inayofuata.

Ya mwisho ilikuwa yake. Akabisha hodi kama kwingine, maana sheria waliitunga wote. Ndani redio ikaongezwa sauti.

"Shikamoo, mama. Kuna kuku humu?"

"Marahaba. Hakuna, mwenyekiti."

Loyce akashukuru, akaketi kula mayai yake.