Kanda ya Mjomba Shukri

Natangaza rasmi, kwa niaba ya wanyonge wote wa Misri, kwamba mapambano yamefufuka. Yalifufukia jikoni kwetu, mtaa wa Imbaba, kati ya sufuria ya maharage na ndoo ya soksi.

Mjomba Shukri, kaka yake mama, alikuwa akiimbia wafanyakazi kwenye malango ya viwanda. Serikali ilimfunga mara tatu. Mara ya mwisho alitoka akiwa ametia sahihi hati kwamba hataimba tena. Alisema amechoka, neno ambalo sisi wasichana wa bweni la watawa hatukulipenda kwa shujaa.

Likizo iliyopita alijisahau, akachukua udi, lile gambusi lake, akatuimbia wimbo mmoja mpya kuhusu tumbo la waziri linalokatiwa tiketi yake peke yake kwenye treni. Mwezi haukuisha, mikahawa yote ya Kairo ikawa inaucheza kwenye kanda. Askari wakaleta wito: Jumamosi aripoti.

Ijumaa baada ya sala, mjomba alikuwa anapanga sabuni, fulana na sigara ndani ya mkoba wa jela, polepole, kama mtu anayerudi kazini.

“Ni wewe uliyeutoa wimbo nje, Lamlum!” mama alimfokea mpiga ngoma wa zamani wa mjomba. “Siku ile ulikuwepo!”

“Dada, mkate wako nimekula miaka ishirini, leo nimuuze kaka yako?”

“Mkate umekula, na kaka umemuuza!”

“Acheni,” mjomba alisema. “Hata kugombana sina nguvu.”

Mimi nilimimina chai na kutoa hotuba fupi, nzito, juu ya ubaya wa usaliti.

Lamlum akatoa kanda aliyoipata mkahawani, akaiweka kwenye redio. Tukasikiliza wimbo mpaka mwisho. Wanaonakili kanda hizi hawakati kitu, wakihofia kuacha wimbo mwingine nyuma. Kwa hiyo, baada ya udi kunyamaza, ikasikika sauti kali ya mwanamke ikisoma imla ya Kifaransa: paka yumo bustanini, nukta, wasichana, acheni kunong'ona.

Katika nyumba ile, anayesoma Kifaransa kwa watawa ni mmoja.

Lamlum alicheka mpaka akakaa chini. Mama hakucheka.

“Inas,” mjomba aliita, “uliniuliza?”

“Sikukuuliza, mjomba. Nilificha kinasa sauti cha shule, na kanda yake ya imla ndani, nyuma ya mitungi. Nikawagawia wenzangu bwenini nakala, nikawaambia bado hujachoka.”