Uduvi Dirishani na Ndizi Mbichi

Mimi si mtu wa kugombana na majirani, lakini ya Amira yamenifika shingoni.

Miezi mitatu nimefuga uduvi jikoni kwangu hapa Runyenjes: wadudu wa maji ya chumvi, wembamba kama kope, wanaogelea chali ndani ya chupa dirishani. Nilipoenda Ishiara kumuuguza mama, nilimwachia Amira ufunguo. Yeye hufuga samaki wa rangi, nikajua ataelewa. Nilimwambia awape hamira kidogo tu, ya ncha ya kijiti, na maji yakipungua aongeze ya mvua, asitie chumvi nyingine.

"Dada, ondoa wasiwasi," akasema.

Kwa siku tano, kila asubuhi alinitumia picha ya uduvi wakiogelea. "Wameshakula, wanakusalimia." Nikamwonyesha mama, tukacheka.

Jana nimerudi, chupani hamna hata mmoja.

"Pole dada, wamekufa leo asubuhi," Amira akasema, machozi yakimlengalenga.

Nilikuwa karibu kumkumbatia nilipoziona ndizi za Mitunguu nilizoacha kando ya chupa ziive. Maganda yalishakuwa meusi. Nikafungua simu. Katika picha zote tano ndizi zilikuwa mbichi, kama siku niliyoondoka.

"Amira, samaki wako waliwala lini?"

Akainama. "Siku ile ile. Hata hujafika Ishiara."

Kumbe siku tano nzima nilikuwa nikisalimiwa na marehemu, na mama yangu mgonjwa akiwarudishia salamu.